Meno Arobaini na Manne

Jumatatu Ziemowit kaniletea orodha:
meno arobaini na manne, ya mbele yawe ya njano,
ufizi uwe na unyevu, ulimi utoke kwa kuchelewa.
"Watu wazima," akasema, "hulipia hofu
waliyopewa bure utotoni."
Nikakaa mbele ya kompyuta, ghorofa ya tatu,
kiwanda cha zamani cha pamba, Łódź,
theluji ikigonga dirisha kama mdai aliyechoka.

Hadithi yenyewe mnaijua, au mnamjua dada yake.
Moto umezimika. Mama anamtuma binti kwa jirani
akaombe kaa moja ndani ya chungu.
Katika kitabu changu, kile chenye jalada la kitambaa,
njiani anamkuta Bibi wa Jiko,
mnene, mashavu mekundu, magoti ya matofali.
Bibi anampa kaa, na andazi juu yake.
Binti anarudi. Supu inachemka. Kalaleni.

Sisi jiko tumeligeuza kinywa.
Bibi tumemng'oa macho, tukamtia vizibo vya chuma.
Andazi tumelijaza nywele.
Mchezaji akipotea njia mara tatu
husikia mifupa midogo ikivunjika,
sauti niliyoirekodi mwenyewe
kwa karoti mbichi, nimejifungia chooni.

Nikamwonyesha bibi yangu Apolonia, miaka tisini na miwili.
Nilidhani atapiga ishara ya msalaba.
Akatazama hadi mwisho, akaomba miwani, akatazama tena.
"Meno ya nini?" akauliza.
"Hapakuwa na meno."

Kumbe iliyogeuzwa ni ile ya kitabuni.
Kumbe kwao ilisimuliwa hivi:
baridi ya vita, Leokadia, miaka minane,
katumwa relini kuokota makaa
yanayodondoka kwenye mabehewa.
Ndoo ilikuwa ya buluu.
Mama aliuacha mlango bila komeo mpaka Machi.
Hadithi ikaishia hapo, mlangoni.
Utamu waliukoleza baadaye,
supu, andazi, Bibi mnene,
walipozaliwa watoto wengine
na watoto sharti walale.

Usiku ule nikafuta meno,
moja moja, maana programu haikubali yote kwa mpigo.
Nikamfuta Bibi. Nikalifuta jiko.
Nikabakiza njia, na reli, na pumzi ya mtoto,
na mlango uliorudishwa nusu
ambao mchezaji hana uwezo wa kuufunga.

Ziemowit akacheza dakika kumi na moja.
"Adui yuko wapi? Bila adui haya ni matembezi."
Nikamwambia naam, ni matembezi.
Tukakutana katikati:
meno ishirini na mawili yamerudi.
Mkopo wa nyumba haulipwi kwa kimya.

Nyumbani Jagna, wangu wa miaka sita,
kaniuliza leo nimechora nini.
Nikaanza kusimulia. Nilipofika relini
nikaitafuta supu mdomoni, nisiipate.
Mtoto akanyamaza, akachokonoa blanketi.
Kisha: "Alivaa glavu?"

Sikujua.
Saa tatu usiku nikampigia bibi.
Simu ililia sana, hadi nikajuta.
"Moja," akasema Apolonia,
kama mtu aliyeketi akilingoja swali hilo
tangu vita.
"Nyingine nilikuwa nayo mimi."

Hatua ya nne, kushoto mwa reli,
karibu na nguzo ya taa isiyowaka,
pana glavu ya sufu.
Ukiiokota hupati alama. Haifungui kitu.
Ziemowit bado hajaiona,
na wachezaji wengi hupita mbio,
meno nyuma yao.